Kibarua na Kipande: Habari za Kazi Isiyo na Mwajiri wa Kudumu, Kutoka Pwani hata Kisiba

Mtu afanyaye kazi leo kwa huyu na kesho kwa yule, asiyefungwa na mwajiri mmoja, ana majina mbalimbali katika lugha za dunia. Waingereza humwita kwa jina lenye maana ya mkuki huru, nalo lilienea baada ya Walter Scott kulitumia katika riwaya yake Ivanhoe, iliyotoka mwaka 1819, alipokuwa akisimulia habari za askari wa kukodiwa wasiokuwa na bwana mmoja. Waswahili walimwita kibarua. Majina haya mawili yamtaja mtu mmoja, lakini hayakumtazama kwa upande mmoja. Waingereza walitazama silaha iliyo mkononi mwa mtu, ambayo ni mali yake mwenyewe. Waswahili walitazama karatasi aliyopewa na mwenye kazi, ambayo bila yake hapati ujira.

Tofauti hiyo si ndogo. Siku hizi husemwa sana, katika mikutano na magazetini, kwamba kazi ya kujitegemea isiyo na mwajiri wa kudumu ni jambo jipya lililoletwa na simu na mitambo. Lakini katika nchi za Afrika ya Mashariki kazi ya namna hiyo ina umri mkubwa kuliko ajira ya mshahara wa mwezi. Ajira ya mwezi ndiyo iliyokuja baadaye, ikawapata watu wachache, na kwa wengi imekwisha kuondoka tena. Kwa hiyo mwenye kutaka kuielewa hali ya leo yafaa aifuate ile karatasi ndogo tangu mwanzo wake, na katika kila zama aulize swali moja tu: siku isiyo na kazi, nani huibeba gharama yake?

ASILI YA NENO

Neno kibarua ni udogo wa barua, na maana yake ya kwanza ni karatasi ndogo au cheti. Kamusi za zamani za Kiswahili zaeleza kwamba mfanyakazi wa kutwa alipewa cheti kila siku aliyofanya kazi, akakionyesha siku ya malipo ili apate haki yake. Kisha jina la cheti likamwendea mwenye cheti. Sarufi yenyewe yaonyesha safari hiyo: kibarua kikiwa karatasi, husemwa kwamba kimepotea, akiwa mtu, husemwa kwamba amepotea.

Katika karne ya 19, Unguja na miji ya Mrima ilikuwa na kazi nyingi za kutwa: kupakia na kupakua majahazi, kubeba magunia ya karafuu, kusafisha gundi ya msandarusi, kujenga nyumba za mawe. Wengi waliofanya kazi hizo walikuwa watumwa waliokodishwa na mabwana zao, au walioruhusiwa kujitafutia kazi wenyewe kwa sharti la kumletea bwana sehemu ya ujira, mara nyingi nusu yake. Hapa pana jambo la kushangaza. Mtumwa huyo alikwenda atakako, akapatana bei na amtakaye, na akipenda alihama kutoka kwa mwenye kazi mmoja hata mwingine. Kwa macho ya mgeni alionekana kuwa huru. Walakini jioni alirudi kwa bwana wake na fungu la bwana mkononi. Tangu mwanzo, basi, kuwa huru kuchagua mwenye kazi hakukuwa sawa na kuwa huru.

Kundi la pili lilikuwa la wapagazi wa misafara. Hawa, na hasa Wanyamwezi, walikuwa wengi wao watu waungwana waliojiajiri kwa safari moja, wakapatana ujira na posho kabla ya kuondoka, na wakijua thamani ya mabega yao waligoma njiani walipodhulumiwa. Kibarua wa mjini na mpagazi wa bara walifanana kwa jambo moja: mkataba ulipokwisha, mwenye mali hakuwa na deni lolote juu yao. Mpagazi alirudi Unyamwezi kulima shamba lake. Hapo ndipo alipokula mpaka safari nyingine.

KISIBA KABLA YA FEDHA

Kisiba iko katika wilaya ya Rungwe, upande wa kusini-mashariki wa mji wa Tukuyu, jirani na Masoko. Katika Kinyakyusa jina hilo lahusu ziwa au bwawa, na kwa kweli lipo ziwa la duara, lililofanyika katika shimo la volkano, ambalo wengine huliita Masoko na wengine Kisiba. Nchi ni ya mvua nyingi na udongo mwema. Juu yake, kuelekea Tukuyu na mlima Rungwe, hali ya hewa ni ya baridi. Chini yake, kuelekea Kyela na Ziwa Nyasa, ni joto na mabonde ya mpunga. Watu wa Kisiba wamo katikati, nao wamezoea tangu zamani kupanda na kushuka.

Habari za kazi za Wanyakyusa ziliandikwa kwa urefu na Godfrey Wilson na mkewe Monica, waliokaa katika nchi hiyo kati ya mwaka 1934 na 1938. Walieleza jinsi wavulana walivyotoka nyumbani kwa baba zao na kujenga kijiji chao wenyewe pamoja na marika wao, na jinsi tunu ya kukaa pamoja kwa uzuri na wenzi, inayoitwa ukwangala, ilivyothaminiwa kuliko nyingi nyingine. Kulima kulifanywa na wengi pamoja. Mwenye shamba alitayarisha chakula na pombe, na aliyelimiwa leo alikwenda kulima kwa mwenzake kesho. Kijana aliyeposa alilima shamba la wakwe. Deni la kazi lilikuwako, lakini halikuandikwa penye karatasi. Lilikaa katika kumbukumbu ya jirani, na jirani hakuweza kulikana bila kujiaibisha. Mgonjwa hakulima, wala hakulala na njaa kwa sababu ya kutolima siku hiyo.

Haifai kusifu kupita kiasi. Katika utaratibu huo kijana alikaa chini ya baba yake kwa muda mrefu, kwani ng'ombe wa mahari walikuwa mikononi mwa wazee, na wanaume wengi walichelewa kuoa. Hamu ya vijana kwenda mbali kutafuta fedha haikuletwa na kodi peke yake. Ililetwa pia na hamu ya kupata ng'ombe wao wenyewe.

KODI NA SAFARI

Wamisionari wa Moravian na wa Berlin walifika Unyakyusa mwaka 1891, na nyuma yao ikaja serikali ya Wajerumani, ambayo baadaye iliweka makao yake Tukuyu, mahali walipopaita Neu-Langenburg. Katika mwaka 1897 ilitangazwa amri ya kodi ya nyumba kwa koloni zima, na mashambani kiasi chake kilikuwa rupia 3. Mwanzoni kodi iliweza kulipwa kwa mazao au kwa kazi, lakini kadiri miaka ilivyopita ilitakiwa fedha tupu. Rupia hazikuota migombani. Ilibidi mtu auze mazao au auze siku zake.

Masoko palijengwa boma, na Vita Kuu ya Kwanza ilipoanza palikuwa na kikosi cha askari. Kutoka upande huo majeshi ya Wajerumani yalikwenda kupigana Karonga mwezi wa Septemba 1914, na mwezi wa Mei 1916 Waingereza wakaingia Tukuyu. Pande zote mbili zilihitaji wapagazi, wala hazikuwauliza kama wapenda. Hadi leo wenyeji husimulia kwamba fedha za Wajerumani zilitupwa katika ziwa la Kisiba kabla ya kukimbia. Hadithi hiyo ina hekima yake: fedha ilijulikana kuwa kitu kilichofika na bunduki, na kilichoweza kutoweka mara moja.

Wakati wa Waingereza njia za kutafuta fedha ziliongezeka. Dhahabu iligunduliwa katika bonde la Lupa, upande wa Chunya, mwanzoni mwa miaka ya 1920, na katika miaka ya 1930 wachimbaji walijaa huko. Wanyakyusa walikwenda Lupa kwa maelfu, kwani haikuwa mbali kwa mtu wa miguu mizuri; aliweza kwenda baada ya kupanda na kurudi kabla ya mavuno. Wachimbaji wengi wa Kizungu walikuwa watu wa mtaji mdogo. Mchimbaji akiipata dhahabu, mfanyakazi alilipwa. Akiikosa, mara nyingi mfanyakazi alirudi nyumbani mikono mitupu. Hivyo bahati mbaya ya mwenye kazi ilihamishwa ikawa juu ya mwenye nguvu, ingawa faida yake haikuhamishwa.

Dhahabu ya Lupa ilipopungua baada ya Vita Kuu ya Pili, safari zilikuwa ndefu zaidi: migodi ya shaba ya Rhodesia ya Kaskazini, ambayo leo ni Zambia, na migodi ya dhahabu ya Afrika ya Kusini kwa mikataba ya shirika ambalo watu waliliita Wenela. P. H. Gulliver, aliyekuwa mtaalamu wa mambo ya jamii katika serikali ya Tanganyika, aliandika habari za safari hizo mwaka 1957, na mwaka uliofuata akaandika juu ya ardhi ya Wanyakyusa na mabadiliko ya jamii yao. Mambo hayo mawili hayatenganiki. Mwajiri wa mbali aliweza kulipa ujira mdogo kwa sababu mke wa mfanyakazi alikuwa akilima ndizi, mahindi na maharagwe nyumbani. Aliyeumia mgodini, aliyezeeka, na aliyekosa kazi, wote walirudi kwenye mgomba. Kwa hiyo jibu la lile swali katika zama hizo ni wazi: gharama ya siku isiyo na kazi ilibebwa na shamba la Kisiba, na katika shamba hilo ilibebwa hasa na mwanamke.

KIPANDE NA MANAMBA

Wakati huo huo ile karatasi ya pwani ilipata sura mpya. Katika mashamba ya mkonge na mashamba mengine ya Tanganyika mfanyakazi alipewa kipande, yaani kadi yenye nafasi za siku 30. Kila alipomaliza kazi aliyokatiwa kwa siku, msimamizi aliweka alama. Nafasi zote zilipojaa ndipo alipolipwa. Siku ya mvua, siku ya ugonjwa na siku ambayo kazi haikumalizika hazikuandikwa. Mtu aliweza kukaa shambani mwezi na nusu akapata ujira wa siku 30, na fedha za siku alizokwisha kufanya zilikaa kwa mwajiri mpaka kadi ijae. Kwa hesabu hiyo mfanyakazi ndiye aliyemkopesha tajiri.

Yafaa kupambanua kipande hiki na kile cha Kenya. Kule, chini ya sheria ya mwaka 1915 iliyoanza kutekelezwa baada ya vita, kipande kilikuwa cheti cha kumtambulisha mwanamume Mwafrika, chenye alama za vidole, ambacho wengi walikivaa shingoni ndani ya kikebe cha chuma. Kipande cha Tanganyika kilihesabu siku. Kipande cha Kenya kilimfunga mtu mwenyewe.

Pembeni ya mwenye kipande alisimama manamba, yaani mtu aliyeandikwa mbali kwa mkataba na kupewa namba. Kuanzia mwaka 1944 wenye mashamba ya mkonge walikuwa na ofisi yao ya kuandika watu, iliyojulikana kwa jina la SILABU. Manamba alisafirishwa, akapewa posho na mahali pa kulala, lakini hakuweza kuondoka kabla ya muda kwisha. Kibarua wa jirani aliweza kuondoka wakati wowote, lakini hakuahidiwa chakula wala mahali pa kulala. Watu walimdharau manamba kwa kuwa amejifunga, nao wenye mashamba walimlaumu kibarua kwa kuwa hatulii. Mmoja alikuwa na chakula bila hiari, na mwingine alikuwa na hiari bila chakula. Hapana aliyepewa vyote viwili.

MGOMO, SHERIA NA UHURU

Waliotaka vyote viwili kwanza walikuwa vibarua wa bandarini. Katika Dar es Salaam makuli waligoma mwaka 1939, wakagoma tena mwaka 1943, na mgomo wao wa Septemba 1947 ulienea kando ya reli mpaka bara. Mombasa ulikuwa umekwisha kusimama mji mzima mwezi wa Januari mwaka huo huo. Serikali za kikoloni ziliogopa jambo moja: kibarua asiyekuwa na cha kupoteza hana sababu ya kuogopa mgomo. Ndipo wakuu walipoanza kusema kwamba yafaa wafanyakazi waandikishwe, wawe wachache, wadumu, na walipwe vizuri zaidi. Hata hivyo faraja hiyo ilikuwa na makali mawili, kwani kila aliyeandikishwa alimfungia mlango asiyeandikishwa.

Baada ya Uhuru wa mwaka 1961 Tanganyika ilifuata njia hiyo kwa nguvu. Mishahara ya chini kabisa ilipandishwa. Katika Dar es Salaam ikawa shilingi 150 kwa mwezi. Sheria ya mwaka 1962 iliweka kiinua mgongo kwa anayeachishwa kazi. Mwaka 1964 zilikuja sheria ya kumlinda mfanyakazi asifukuzwe ovyo, na Mfuko wa Akiba wa Taifa kwa ajili ya uzee. Mtindo wa kipande mashambani ukafifia. Kwa mara ya kwanza mwajiri alitakiwa kubeba sehemu ya gharama ya siku isiyo na kazi.

Waajiri nao walifanya hesabu zao. Idadi ya waajiriwa wa mishahara, iliyokuwa karibu 400,000 mwaka 1962, ilishuka hata kama 340,000 mwaka 1963. Waliobaki walipata hali nzuri kuliko baba zao; walioachwa walirudi mashambani au wakaenda mjini kutafuta vibarua. Katika miaka hiyo hiyo mikataba ya migodi ya kusini ilisimamishwa, na Wanyakyusa waliokuwa Zambia wakaona kazi za huko zikiwekewa wenyeji wa nchi ile. Mlango mmoja ulipofunguliwa kidogo, mingine miwili ilifungwa.

Azimio la Arusha la mwaka 1967 liliheshimu kazi kuliko mali, lakini macho yake yalikuwa juu ya mkulima na mfanyakazi wa ajira. Kibarua wa mjini hakuwa na nafasi iliyo wazi katika fikra hizo. Alionekana kama mzururaji. Mambo ya uchumi yalipoharibika, ilitungwa Sheria ya Nguvukazi ya mwaka 1983, na watu wa mijini wasio na kitambulisho cha kazi walikamatwa na kupelekwa vijijini. Karatasi ikarudi tena, safari hii si ya kudai ujira, bali ya kuthibitisha kwamba mtu si mvivu. Shabaha haikufikiwa, kwani mshahara wenyewe wakati huo haukutosha kumlisha mwenye ajira hata mwisho wa mwezi. Karani naye alifuga kuku, na mwalimu aliuza maandazi. Baada ya mapatano ya mwaka 1986 na Shirika la Fedha la Kimataifa, na katika miaka ya 1990 watumishi wengi wa serikali na wa mashirika ya umma walipopunguzwa, kazi za kujitafutia zilikuwa ndiyo hali ya kawaida ya wengi.

HALI YA SASA

Mtu anayepita leo kati ya Kisiba na Tukuyu ataona namna tatu za kazi hiyo.

Ya kwanza ni kibarua cha shambani. Chai ililetwa Rungwe na Wajerumani, ikapandwa Kyimbila mwaka 1904, na kilimo cha biashara kikaanza mwaka 1926. Baada ya kuundwa Mamlaka ya Chai mwaka 1968, wakulima wadogo wengi walipanda chai, na majani yao huenda viwandani. Mchumaji hulipwa kwa kilo. Wakati wa mvua majani ni mengi na mikono haitoshi. Wakati wa kiangazi na baridi majani ni machache, na mchumaji hana kazi. Kwa sababu ya mahali ilipo, Kisiba ina nafuu yake: chai iko juu, mpunga na kakao viko chini, na msimu mmoja ukipoa mtu hushuka au hupanda kufuata mwingine. Kuna jambo ambalo watungaji wa sheria hulisahau kwa urahisi: mwajiri wa kibarua huyo mara nyingi si kampuni, bali ni mkulima mwenzake mwenye ekari moja, ambaye mwezi ujao huenda akawa kibarua yeye mwenyewe. Kumtoza huyo wajibu wote wa mwajiri mkubwa si haki. Wala si haki kumwacha mchumaji bila kinga yoyote.

Ya pili ni bodaboda. Jina hilo lilizaliwa mpakani mwa Kenya na Uganda, ambako baiskeli zilivusha watu kutoka mpaka huu hata ule. Vijana wengi wa Rungwe wafanyao kazi hiyo hawana pikipiki zao. Humpelekea mwenye chombo hesabu ya kila siku, na kinachozidi ndicho chao. Wengine hufunga mkataba ambao mwisho wake chombo huwa cha dereva. Siku ya matope, siku ya ubovu na siku ya homa, hesabu hudaiwa vile vile. Mwenye kuikumbuka habari ya mtumwa wa Unguja aliyerudi jioni na fungu la bwana wake hatakosa kuona mfano, ingawa dereva ni mtu huru, ana tumaini la kukimiliki chombo, na aweza kukirudisha akaenda zake.

Ya tatu ni kazi ya simu. Vijana waliosoma hutafuta kazi za kuandika, kutafsiri, kuchora na kupiga hesabu kwa watu wa mbali wasiowaona. Mijini, madereva huitwa kwa simu. Katika mwaka 2022 mamlaka ya usafiri wa nchi kavu, LATRA, iliweka kikomo cha asilimia 15 kwa fungu ambalo kampuni za namna hiyo hukata katika nauli. Kampuni ya Uber ilisimamisha kazi Tanzania mwezi wa Aprili, nayo ikarudi mwanzoni mwa mwaka 2023 baada ya kikomo kupandishwa hata asilimia 25. Kisa hicho chaonyesha kwamba msimamizi asiye na mwili, anayekaa ndani ya simu, ana nguvu ya kupatana na dola, hali dereva hana wa kupatana naye.

Karatasi nayo haijafa. Kuanzia Desemba 2018 serikali ilitoa vitambulisho vya wajasiriamali wadogo kwa shilingi 20,000, ili wasisumbuliwe na ushuru mwingine. Kwa wachuuzi wengi ilikuwa nafuu ya kweli. Lakini kitambulisho hicho kiliwapa ruhusa ya kufanya kazi tu; hakikuwa na ahadi ya siku watakayoshindwa kuifanya.

Sheria ya leo si bubu kabisa. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 na mwenzake ya Taasisi za Kazi ya mwaka huo huo zinatambua kwamba jina la mkataba laweza kuficha ukweli. Mtu akiwa amemfanyia mwingine kazi kwa wastani wa saa 45 kwa mwezi katika miezi 3 iliyopita, au akiwa anamtegemea huyo kwa riziki, au akipewa zana na mwenye kazi, huhesabiwa kuwa mwajiriwa mpaka ithibitishwe vingine. Kwa upande wa pili, aliyefanya kazi kwa mwajiri mmoja chini ya miezi 6 hana kinga ya kuachishwa bila haki. Mwajiri mjanja huujua mpaka huo, na wako vibarua waliotumika miaka mingi mahali pamoja kwa vipindi vifupi vifupi. Tangu mageuzi ya mwaka 2018 Mfuko wa Taifa wa Hifadhi ya Jamii umekabidhiwa pia watu waliojiajiri wenyewe, lakini mchango ni wa hiari, na hiari ya mtu ambaye hajui kesho atapata nini ni hiari finyu.

NENO LILIVYOKUA

Lugha imeyafuata mambo haya kwa uaminifu. Neno kibarua, lililokuwa la mtu wa chini kabisa, sasa lahusu kazi yoyote. Mwenye cheo akifukuzwa, husemwa kibarua chake kimeota nyasi, na timu iliyofungwa huambiwa kwamba ina kibarua kigumu katika mchezo wa marudiano. Katika magari ya abiria limezaliwa neno jipya, deiwaka, la anayeshika usukani au mlango kwa siku moja badala ya mwenye gari lake. Waswahili wameona kwamba hali iliyokuwa ya wachache imewaenea wengi, na wamelipanua jina lake.

Wahenga walisema mgaagaa na upwa hali wali mkavu. Ni kweli, na historia ya Kisiba ni ushahidi: watu walioupanda mlima na kuushuka, waliokwenda Lupa na kurudi, hawakukosa kitoweo. Lakini methali hiyo yamfaa mtu ambaye wali anao nyumbani na anatafuta kitoweo tu. Kwa zaidi ya miaka 100 kazi ya kutwa katika Rungwe imewezekana kwa sababu nyuma ya kila kibarua palikuwa na mgomba. Mgomba huo ulikuwa bima yake, hospitali yake na kiinua mgongo chake, na kwa sababu ulikuwapo, waajiri wote, wa rupia, wa shilingi na wa simu, hawakutakiwa kulipa gharama hiyo.

Leo Rungwe ni nchi yenye watu wengi, na shamba la babu limegawanywa kwa wana, kisha kwa wajukuu. Kijana anayekodi pikipiki Tukuyu huenda asiwe na pa kurudi pa kumtosha. Hapo ndipo ulipo upya wa mambo ya siku hizi, wala haumo katika simu. Watunga sheria, vyama vya ushirika vya wakulima wa chai na vyama vya madereva wanaweza kubishana juu ya njia: kama ni mchango mdogo unaokatwa katika kila kilo ya majani na kila nauli, au mfuko wa kijiji, au bima itolewayo na dola. Lisilobishaniwa ni kwamba gharama ya siku isiyo na kazi ipo, imekuwapo tangu zama za Unguja, na shamba lililoibeba kwa kimya limekuwa dogo mno kuendelea kuibeba peke yake.